Sista Nakolong Ewesit, Aliyehesabu Mioyo ya Watoto Wetu

Wachungaji, wazee, majirani wa Kiwanjani na ninyi nyote mliopanda kutoka Burat na Leparua asubuhi hii, familia imeniomba niwasomee safari ya mama yetu, naye hakupenda maneno mengi, kwa hivyo nitajitahidi.

Sista Nakolong alizaliwa tarehe 14 Machi 1956 huko Burat, akiwa mtoto wa tatu wa Mzee Ewesit na Mama Akuam, wafugaji waliohamia karibu na mji wa Isiolo wakitafuta maji na shule. Alisoma shule ya msingi hapo hapo Burat kuanzia mwaka wa 1964, akaendelea na sekondari huko Meru hadi 1975, kisha akajiunga na chuo cha uuguzi na ukunga, ndiko alikopata jina la Sista waitwavyo wauguzi, akahitimu mwezi wa Novemba 1979, na siku ya kuhitimu mwalimu wake alimkabidhi kifaa cha mbao chenye umbo la tarumbeta ndogo, kile ambacho mkunga huweka upande mmoja kwenye tumbo la mama na upande wa pili sikioni, ili asikie moyo wa mtoto aliye ndani.

Mwaka wa 1980 alipelekwa kwenye zahanati moja upande wa Leparua, na huko ndiko alikokutana na Mwalimu Kubai, aliyekuwa amemleta mwanafunzi mwenye malaria na akawa anasimulia safari yao kwa sauti kubwa mlangoni. Sista alikuwa ameinama juu ya tumbo la mama mjamzito. Akamwambia bila kugeuka, "Mwalimu, hapa tunasikiliza. Nenda ukaongee nje." Mwalimu alitoka, akangoja hadi saa sita mchana, na mwenyewe husema kwamba tangu siku hiyo hajapata tena nafasi ya kupaza sauti. Walifunga ndoa Jumamosi tarehe 12 Desemba 1981, na Mungu akawajalia watoto watatu, Mawira, Kathambi na Lokaale.

Si kila siku ilikuwa ya furaha. Mwaka wa 1987 mama mmoja alifika zahanati akiwa ametembea tangu alfajiri, Sista akasikiliza tumboni kila upande, akasikiliza tena, na moyo haukuwepo. Alimwambia mama huyo ukweli yeye mwenyewe, akaketi naye hadi jioni, na kila mwaka mwezi huo ulipofika alikuwa akienda kumjulia hali.

Alihamishiwa wodi ya kujifungulia hapa mjini mwaka wa 1991, na hapo alihudumu hadi alipostaafu 2016. Wengi mnakumbuka alivyozoea kuinamisha kichwa na kukutegea sikio la kulia unapoongea, hata watoto wa Kiwanjani wakawa wanamwigiza njiani, naye akicheka.

Familia imeomba siku moja isisahaulike. Jumanne tarehe 18 Agosti 2009, Makena, jirani yetu, alikuwa katika uchungu wa mimba yake ya kwanza, na mashine mpya ya umeme ilikuwa imefungwa tumboni mwake kufuatilia mapigo ya mtoto. Moyo wa mtoto aliye salama hupiga kati ya mara mia moja na kumi na mia moja na sitini kwa dakika, na mashine ilionyesha mia moja kumi na nane, kwa hivyo kila mtu alitulia. Sista alipita, akamshika Makena mkono, akahesabu mapigo yake, na mkono nao ukampa mia moja kumi na nane. Akachukua kile kifaa chake cha mbao, akaweka sikio, akahesabu dakika nzima huku ameshikilia mkono ule ule.

"Daktari," akamwita Daktari Abdighani, aliyekuwa bado kijana, "mashine inamhesabu mama. Mtoto yuko themanini na nne, na hapandi."

"Sista, una hakika?"

"Shika mkono wake uhesabu mwenyewe, ukiangalia mashine."

Daktari alishika, akahesabu, akaweka mkono chini polepole. Makena akauliza, "Mtoto wangu yuko sawa?" Sista akamgeuza alalie ubavu wa kushoto, akamwambia, "Amechoka, mama. Tunaenda kumtoa sasa." Saa tano na dakika arobaini na saba mchana, mtoto wa kike alitolewa kwa upasuaji, kamba ya kitovu imemzunguka shingoni mara mbili, akakawia kulia, halafu akalia hadi wakasikia walio uani. Leo ana miaka kumi na mitano, naye Daktari alibandika karatasi kwenye mashine ile: Shika mkono wa mama kwanza. Watu walipomsifu, Sista alijibu tu, "Mashine si mbaya. Ilikosa mtu wa kuiambia imsikilize nani."

Mwaka wa 2019 sikio lake la kulia lilianza kufa, akasema limefanya kazi ya kutosha, akahamia la kushoto. Mwaka wa 2022 aligunduliwa kuwa na ugonjwa wa figo uliotokana na shinikizo la damu, akatibiwa kwa uvumilivu, akiendelea kupanda sukuma wiki na kugombana na Mwalimu kuhusu redio. Jumatatu tarehe 9 Juni 2025, saa nane mchana, alilala nyumbani Kiwanjani, Kathambi akiwa amemshika mkono.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomtunza, majirani waliopika na kufua bila kuombwa, wakunga wenzake waliosimama hapa na sare zao, na kanisa kwa maombi. Ameacha mume, watoto watatu na wajukuu watano.

Sista, zamu yako imekwisha, na wenzako wameipokea wodi. Nenda ukapumzike, kwa amani.