Kujuana na Kujijua

Benchi letu limeipa barabara mgongo. Tumelielekeza kwenye mlango wa Kinyozi kwa sababu televisheni iko ndani, na sisi wengine kazi tuliyonayo ni kuangalia watu wenye kazi kwenye televisheni. Kulia hukaa Wakili, ambaye sheria hajawahi kuiona hata kwa mbali. Anatengeneza redio, ila kwa ubishi angemstaafisha hakimu. Kushoto yuko Mama Birika na kahawa yake. Katikati mimi. Wananiita Digrii, jina walilolianza kwa heshima, siku hizi wanalitaja kama ugonjwa. Pembeni kabisa, penye msumari uliochomoza, alikuwa anakaa Kimya. Hakai tena. Kimya sasa ana watu wanaomfuata kwenye simu wengi kuliko wapiga kura wa kata nzima. Anaweka picha, chini yake anaandika maneno ya kutia moyo, watu wanalia machozi. Asubuhi hiyo nilifika nimeishika simu kama mtu aliyeshika panya mkiani.

— Someni, nikasema. Halafu mniambie kama mwehu ni mimi.

Wakili akaichukua, akaisogeza mbali na macho, akasoma kwa sauti ya msibani.

— "Mlango haufunguki kwa kubisha. Hufunguka kwa kujijua." Aisee. Hili limenigusa.

— Lirudishe lilikotoka. Ni langu.

— Lako kivipi?

— Nililisema hapa hapa, mwaka jana, siku niliyorudi kwenye ile interview, nimekaa namsubiri Kinyozi afungue. Kimya alikuwa nyuma yangu anachezea simu. Nilisema mlango haufunguki kwa kubisha, hufunguka kwa kujuana. Ku-ju-a-na. Mjomba wa nani yuko ofisi gani. Nilikuwa natukana, Wakili. Jamaa kachukua tusi langu, kalivalisha suti.

Mama Birika akacheka mpaka kahawa ikamwagikia kidole.

— Kawahurumia wasomaji. Nani atabandika "kujuana" ukutani kwake?

— Na picha je? Hebu iangalieni picha.

Wakakusanya vichwa. Mtu kakaa kwenye benchi, kaonyesha mgongo. Shati la bluu lililoshonwa begani kwa uzi mweupe, bahasha ya kaki kwapani, mbele yake mlango uliofungwa, jua linachungulia pembeni.

— Huyu mtu kachoka, Wakili akasema.

— Huyo mtu ni mimi.

Mashine ya kunyolea ikazimwa. Kinyozi akatoka, nyuma yake mteja mwenye nusu ya nywele.

— Huo si mlango wangu? Kaupiga picha na rangi imebanduka vile? Angeniambia nipake.

— Nani kakutumia? Mama Birika akaniuliza.

— Mama.

— Mama mzazi?

— Kaandika, "Mwanangu, mwangalie kijana huyu, hakati tamaa. Mwige." Mama aliyenibeba mgongoni, mgongo wangu hakuutambua. Na huo mshono wa begani ni mkono wake.

Wakili akanirudishia simu.

— Mimi nasema ni simu, akaanza. Simu za siku hizi zinasahihisha. Kaandika kujuana, simu ikaona aibu.

— Simu gani ina aibu? Kinyozi akadakia. Yule ana sikio bovu. La kushoto. Nimemnyoa muda wote huo, nikiongea upande ule hajibu. Sisi tukamwita Kimya, kumbe mwenzetu hasikii. Ndiyo maana wakasema mwenda pole hajikwai.

— Methali hiyo inahusiana vipi na masikio? nikauliza.

— Ukiisikiliza vizuri utaona.

— Hapana, Wakili akasema, akishusha sauti. Fikirini. Kasikia sentensi nzima, akakosea neno moja tu, na ni lile lenye wenyewe. Nyuma ya yule kuna watu wazito. Sisi tukisema kujuana, wao wanaweka kujijua. Kesho tukisema tuna njaa, utaona picha ya mlima, chini imeandikwa, "Kuwa na njaa ya mafanikio."

— Hiyo mbona ameshaiweka, Mama Birika akasema. Juzi.

Tukatazamana.

— Na tangu ahame, wanatusikiaje? nikauliza, nikajichukia kwa kuuliza.

Wakili akaangalia chini taratibu.

— Mtaka cha uvunguni sharti ainame.

Wallahi tuliliinua benchi. Watu wazima, mmoja with honours, na mteja wa nusu kichwa akishika mguu wa nyuma. Chini hapakuwa na kinasa sauti, ila bazoka iliyotafunwa ikakauka. Wakili aliikagua ile bazoka kuliko ilivyostahili.

— Sawa, nikasema tulipokaa. Hamjasikia lililo baya zaidi. Mnajua wiki ijayo Kimya anahutubia wapi? Ile ofisi iliyoniandikia we regret to inform you. Kaalikwa kuwatia moyo wafanyakazi. Mimi nilibaki getini na bahasha yangu. Yeye anaingia, mgongo wangu wanaumulika ukutani, wanampigia makofi kwa sentensi yangu. Yaani mgongo wangu umepata ile kazi, mimi nimekosa.

— Huo wivu, mwanangu, Mama Birika akasema.

— Ndiyo, ni wivu. Ulitaka niuite hali ya hewa?

— Mchagua jembe si mkulima, Kinyozi akaniliwaza.

— Nimeshaandika, nikasema. Chini ya picha yake, kila mtu asome: nani alisema, alisema lini, na alisema kujuana. Bado kubonyeza tu.

— Bonyeza, Wakili akasema. Umwumbue.

— Usibonyeze, Mama Birika akasema. Watu wamejishikiza pale.

— Na mimi nijishikize wapi?

— Samahani, kaka. Usigeuke kwanza.

Sauti ya mwanamke, kutoka barabarani. Nikatulia kama nanyolewa. Viatu vyake vikasogea, vikasimama.

— Uzi mweupe begani. Ni wewe.

Nikageuka. Dada wa rika langu, kavaa aproni ya kiwandani, simu yake yenye kioo kilichopasuka kaielekeza kwangu. Kwenye kioo kile mgongo wangu ulikuwa na ufa.

— Napita hapa kila siku, leo ndiyo nimelitambua benchi, akasema. Mwaka jana walitupunguza kazini. Nikawa silali. Nikawa naiangalia hii. Maneno kusema kweli sikuyaelewa sana. Ila huu mgongo. Nikajiambia, huyu naye anasubiri, basi ngoja na mimi nisubiri. Mwezi huu wameniita tena.

— Hongera, mwanangu, Mama Birika akasema.

— Asante, mama. Nina swali moja tu. Ule mlango, ulifunguliwa?

— Wangu unafunguliwa kila siku, Kinyozi akasema. Labda niamke vibaya.

— Nauliza wa kwake.

Kinyozi akakumbuka kichwa alichokiacha nusu, akaingia ndani, ila mashine hatukuisikia ikiwaka. Wakili, mtu mwenye majibu ya maswali ambayo hayajaulizwa, akaanza kukwangua kucha. Mama Birika akachukua kikombe cha mgeni, akainamisha birika, likadondoka tone moja na machicha.

— Imeisha, akasema.

Dole gumba langu lilikuwa bado juu ya kitufe cha kutuma. Simu ikazima mwanga yenyewe, sikuiamsha. Dada akazunguka benchi, akataka kukaa pembeni, mahali pa Kimya.

— Sogea huku, nikamwambia. Hapo pana msumari.