Ruhusa ya Mwenye Mabega

Basi lilikuwa limepita kituo cha Olympic, likielekea Riruta, Lenah aliposikia mabishano kiti cha mbele. Mitchelle, anayewatafutia watu wa filamu video za kitambo, alikuwa akimwonyesha jirani yake wa kiti kwa simu harusi ya Kawangware ya mwaka wa tisini na mbili.

"Huyu mama anayetingisha mabega lazima atupe ruhusa ya kuitumia video hii. Miezi mitatu namtafuta."

"Tumieni tu, siste," akasema jirani, ambaye hakuwa ameulizwa. "Nani atajua?"

"Yeye atajua."

Lenah alichungulia, akacheka kimoyomoyo mpaka machozi yakamtoka. Basi liliposimama, aliinuka akiwatingishia mabega yaleyale.

"Hiyo gauni ya kwenye video niliazima, mtamuuliza mwenyewe," akasema mlangoni. "Mabega ndiyo yangu."