Luka Asheri, Shahidi wa Maramba

Mchungaji, wazee wetu shikamooni, nanyi nyote mliofika kulia nasi, familia imenituma mimi Elia, kaka wa mjane, niwasomee maisha ya shemeji yangu Luka Asheri, ambaye leo Ijumaa, tarehe 16 Agosti 1957, tunamzika hapa Maramba.

Luka alizaliwa mwaka 1912 huko Mlalo, mtoto wa pili wa mkulima, mzee Asheri, akasoma shule ya misheni hadi darasa la nne, akatamani kuendelea lakini baba akafariki, na mwaka 1931 akateremka kuja kwenye mashamba ya mkonge, akaanza kwa kukata majani, akapanda hadi kuwa fundi wa korona, ule mtambo wa kukamua katani, na wenzake walimtania kwamba mtambo aliweza kuukaripia ukatulia, ila mgeni hakujua kumkatalia.

Alifunga ndoa na dada yangu Ruthi tarehe 8 Oktoba 1938, wakajaliwa watoto watatu, Beatrisi, Timotheo na Elizabeti, ambao wote wako hapa mbele.

Tarehe 4 Mei mwaka huu mnyapara Manase aligombana na Zubeiri, mpakiaji wa katani, akamkata panga mkono ukatoka, akashtakiwa kwa kujaribu kuua, na tarehe 12 Juni mahakama mjini Tanga ikamwachia kwa dhamana, kwa sharti kwamba asimkaribie shahidi, na shahidi alikuwa Luka peke yake.

Jumapili tarehe 14 Julai, tumetoka kanisani, Manase akabisha hodi nyumbani kwa Luka, ana wazee wawili na mbuzi wa suluhu, na kwetu mtu aliyekuja na wazee hafungiwi mlango hata kama ni adui, basi Luka akawapa viti, Ruthi akapakua chakula, wakala, kisha Luka akawaambia kwa upole kwamba mbuzi warudi naye, maana kesi ni ya serikali na yeye atasema alichokiona. Wageni wakaaga, wazee wakatangulia na mbuzi wao, Luka akamsindikiza Manase hadi barabarani kama desturi, na huko, wakiwa wawili tu, Manase akamwambia kwamba hiyo siku ya kusema hataiona.

Ruthi hakulala raha tena, akamshikilia mumewe mpaka wakaenda polisi, na tarehe 29 Julai mahakama ikasikiliza ombi la kufuta dhamana, nami nilikuwa nimeketi nyuma yao. Hakimu akauliza kama Manase aliingia kwa nguvu, Luka akasema alimkaribisha, akauliza kama alimlisha, akasema ndiyo, akauliza kama mtu humsindikiza anayemtishia, Luka akasema mgeni husindikizwa, na mwisho akaulizwa kama anamwogopa Manase, naye mume mzima, mbele ya mkewe na mbele ya watu, akajibu kwamba hamwogopi, ilhali Ruthi anamvuta shati. Ombi likakataliwa. Sisi sheria hatukuisomea, ila tunajua kwamba aliyepewa sharti akalivunja amelivunja, hata kama aliwekewa kiti, na swali la kuuliza lilikuwa Manase alifuata nini pale, si kama Luka ana moyo wa kiume, na jambo hili linatuchoma, wala hatutalificha.

Marehemu hakuugua. Jumatatu tarehe 12 Agosti asubuhi, akielekea kazini, aliviziwa katikati ya mkonge akakatwa mapanga, akapelekwa hospitali Tanga, na Jumatano alfajiri akakata roho, mkononi mwa Ruthi.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliohangaika naye, majirani waliolala matangani, wafanyakazi wenzake wa korona waliochonga jeneza hili, na Zubeiri, aliyeomba naye alibebe kwa mkono wake mmoja. Kesi yake itatajwa tarehe 2 Septemba, ameshaambiwa kwamba bila shahidi haina miguu, Manase hajulikani alipo, na jana jioni tulipouliza mahakamani tulijibiwa kwamba dhamana yake bado haijafutwa.

Pumzika wewe, Luka, maana sisi tuliobaki hatuna pa kupumzikia.