Aliyeacha Uwanja wa Vita

Benchi lenyewe ni ubao mrefu uliopigiliwa ukutani pa duka la ushonaji, na kila asubuhi linakaliwa na wale wale. Mwisho kabisa, karibu na jiko la mkaa, yuko muuza kahawa anayeitwa Waziri, ingawa hajawahi kushika madaraka yoyote zaidi ya birika. Katikati yuko Kinyozi, asiyepitwa na neno. Upande wa mlangoni hukaa fundi mwashi mmoja mrefu, mpole, mcha Mungu, na huyo ndiye Mbio. Jina hilo hakuliomba. Zamani, wakimwaga zege la ghorofa, alisikia nguzo moja ya mbao huko chini inalia kwa kuelemewa, akapaza sauti watu wote washuke, akaacha kazi katikati. Zege likaganda nusunusu. Nguzo hazikuanguka, si siku hiyo wala kesho yake. Mwenye jengo akamfukuza, zege likavunjwa kwa nyundo, na Kinyozi, aliyekuwa kibarua wa kubeba ndoo pale pale, akambandika jina. Mtaa ukalidaka.

Asubuhi hii Mbio alikuwa na shida. Kijana wake alikuwa amepeleka posa, na upande wa binti walisema watatuma mtu kuulizia. Anayetaka habari za familia ya watu haendi nyumbani kwao. Anakuja kijiweni, anaagiza kahawa, anajifanya amechoka. Kwa hiyo Mbio aliwaomba wenzake wamwite Fundi, kwa leo tu, na ile habari ya zege wailaze. Aliyasema huku akiona haya, maana alfajiri ile ile alikuwa amepiga magoti kumshukuru Mungu kwa kila alichompa, na jua halijapanda vizuri tayari anawafundisha watu kuficha. Kinyozi aliapa kwa mashine yake ya kunyolea. Waziri alisema siri ikiingia kwake imeingia kaburini.

Wakakaa kungoja. Na watu waliokatazwa kusema jambo moja lazima watafute lingine, basi wakamgeukia Mama Cherehani, mwenye duka. Mama huyu ni Mhindu, ameshona sare za mtaa mzima, na ana utaratibu wake ambao hauvunjwi: hagusi kazi kabla hajataja majina ya Mungu wake, Krishna, moja baada ya jingine, mkono umetulia juu ya gurudumu la cherehani. Mwenye suruali iliyopasuka atajishikilia nyuma, atasubiri.

— Hivi hayo majina mbona hayaishi? Kinyozi alinong'ona. — Mimi ninalo moja, na hilo moja bado wanalikosea.

Waziri alisema ni vyeo tu. Mkubwa yeyote sharti atajiwe vyeo vyake vyote kabla ya kupanda jukwaani, la sivyo ananuna. Kinyozi akakataa katakata: mwenye majina mengi ni mtu aliyehama sana, kila mtaa unambatiza upya. Waziri akaona hilo dogo, akasema majina yale ni ulinzi, adui akija na moja anaelekezwa mlango mwingine, anazunguka mpaka anasahau alichokuja kugombea. Kinyozi naye akapanda juu zaidi. Kila jina, alisema, limeshika uzi mmoja duniani, ndiyo maana Mama akiruka moja, uzi wa cherehani unakatika. Yeye ameshuhudia kwa macho yake, na siku hiyo hata umeme ulikatika. Mbio husali kwa namna ya kwao, na aliogopa kuikosea heshima ibada ya jirani.

Mama alimaliza, akatia uzi kwenye sindano.

— Mnaniuliza au mnanisengenya?

— Vyote viwili, mama, Kinyozi alijibu.

Akawaeleza bila kinyongo. Kila jina ni jambo alilolitenda. Yupo Mchunga Ng'ombe, kwa kuwa alichunga. Yupo Mbeba Mlima, kwa kuwa aliuinua mlima kwa kidole watu wajifiche mvua chini yake. Yupo Mwizi wa Siagi, kwa mambo yake ya utotoni. Hapo Waziri aliacha kumimina.

— Mama, unamwita Mungu wako mwizi, asubuhi asubuhi, kabla ya kazi?

— Kwa mapenzi. Wewe mwanao alipokuwa anadokoa sukari, si unalisimulia mpaka leo na ana ndevu?

Walikuwa bado wanacheka mzee mmoja aliposimama mbele yao, koti limepigwa pasi, viatu vimejaa vumbi la njiani. Akasalimia, akaomba kahawa, akasema anapumzisha miguu kidogo. Wote watatu wakajua ni yeye.

Kinyozi akajitia adabu kupita kiasi. Alimkaribisha mgeni, akamtambulisha jirani yake kuwa ni Fundi, kwamba wao humwita Fundi, kwamba tangu wamfahamu hawajapata kumwita vingine. Kisha, kwa mazoea tu, akageuka.

— Mbio, msogezee mzee kikombe.

Mzee akamtazama Mbio juu mpaka chini.

— Mbio?

Kinyozi akarukia kusema kwamba rafiki yao alikuwa mwanariadha ujanani. Waziri akaongeza kwamba alikuwa na vikombe, nyumba nzima. Mbio akawaangalia wenzake wanavyozidi kuzama kwa ajili yake, akaona hapana. Afadhali posa ivunjike kwa ukweli kuliko ifungwe kwa uongo.

— Sikukimbia mashindano, mzee. Nilikimbia kazini.

Akalisimulia lote: nguzo iliyolia, kelele zake, zege lililoharibika, na kwamba hakuna kilichoanguka. Hakujitetea. Hata leo, alisema, hawezi kuapa kwamba lingeanguka.

Cherehani ikasimama.

— Lipo jina sikuwatajia, Mama alisema. — Ranchhod. Maana yake, Aliyeacha Uwanja wa Vita.

— Kwa hilo alitukanwa, alisema Kinyozi.

— Maadui walitukana. Sisi tunasifu. Adui alikuja akapigwa, akarudi akapigwa, akarudi tena. Krishna akaona ataendelea kushinda mpaka watu wake waishe. Akaacha vita, akawatoa watu wake, akawajengea mji mwingine kando ya bahari. Waliotoka wakaishi. Tunawapa watoto jina hilo. Baba yangu mzazi, ndilo lilikuwa jina lake, na alikufa analitamka kwa raha.

Mzee alikunywa funda moja, akaweka kikombe.

— Wale ulioshuka nao, wako wapi?

Mbio alishangaa, kwa kuwa hakuna aliyewahi kumuuliza hilo. Akaanza kuwataja. Mmoja anaendesha lori. Mmoja alirudi kwao kulima, ana wajukuu. Ndugu wawili wamefungua karakana ya milango. Akamwonyesha Kinyozi kwa kidevu.

— Na huyu hapa.

— Ulikuwa nyuma yake? mzee akamuuliza Kinyozi.

Kinyozi alitazama ndani ya kikombe kana kwamba jibu limezama humo.

— Mbele, mzee. Mimi niliruka hata kabla hajamaliza kuita. Yeye alihesabu vichwa vyetu, akashuka wa mwisho.

— Basi ilikuwaje yeye ndiye akaitwa Mbio?

Kahawa ilichemka ikamwagikia mkaa, hakuna aliyeigusa.

Mzee akainuka, akakung'uta koti lake.

— Mimi ni mjomba wa binti. Nilitumwa nitazame anaingia nyumba ya nani. Nitawaambia anaingia nyumba ambayo mambo yakiharibika, baba mwenye nyumba anashuka wa mwisho. Jumapili njooni na wazee wenu, tumalize.

Akaushika mkono wa Mbio kwa mikono yake yote miwili. Alipokata kona, Kinyozi akasimama bila kuambiwa, akampisha Mbio pale katikati, na Waziri akapiga birika kwa kijiko kama tarumbeta la harusi limefika mjini. Wapita njia walisimama kuuliza nani amezaliwa. Mbio alikuwa anacheka na machozi yanamtoka, anamshukuru Mungu kwa midomo isiyotoa sauti, na safari hii hakuwa na cha kuona haya.

Kisha akaenda mpaka mlangoni pa duka, akavua kofia.

— Mama, Jumapili naomba uje ukae upande wangu, pamoja na wazee wangu.