Taa ya Kivuko cha Sawaguchi: Maisha ya Nukazawa Shigeharu, 1949–2019

Ndugu, majirani wa Bonde la Orikawa, wenzake wa reli mliotoka mbali, na wewe mtawa mheshimiwa wa hekalu hili, familia imemkabidhi binti wa marehemu, Chinatsu, kazi ya kuwasomea maisha ya baba yake, naye anaomba mumvumilie, kwani maelezo ni marefu kidogo, na mengine si ya kupendeza.

Marehemu Nukazawa Shigeharu alizaliwa tarehe 3 Machi 1949 katika kijiji cha Kamiori, mkoa wa Akita, akiwa mtoto wa pili kati ya wanne wa mzee Nukazawa Eikichi, mchoma mkaa, na mama Sue, mwaka ambao theluji ilipanda hadi kufunika mlango, hata mkunga akaingilia dirisha la ghorofani. Kaka yake mkubwa alifariki kwa ugonjwa wa kifua akiwa na miaka minne, hivyo marehemu alikua akihesabiwa kuwa ndiye mkubwa, naye alijibeba hivyo maisha yake yote.

Alisoma shule ya msingi ya Kamiori kuanzia Aprili 1955 hadi Machi 1961, akaendelea na shule ya kati hapo hapo hadi mwaka 1964, kisha akaingia sekondari ya mjini Hinokida, akipanda treni ya saa kumi na mbili na nusu asubuhi kwa miaka mitatu, amesimama nyuma ya kiti cha dereva hata palipokuwa na nafasi ya kukaa. Mama yake alitaka awe mwalimu, akampeleka kwa mwalimu mkuu ili ashauriwe, na mwalimu mkuu baada ya kuzungumza naye nusu saa alirudi kwa mama akasema kijana huyu ameshaajiriwa tayari, ila reli yenyewe ndiyo haijajua.

Tarehe 1 Aprili 1967 aliajiriwa katika karakana ya treni ya Hinokida kama msafishaji wa injini, mwaka 1969 akawa mchochea moto wa injini za mvuke, na zilipoondolewa alisomea treni za dizeli, akapata leseni ya udereva tarehe 11 Novemba 1974. Tangu siku hiyo alishika desturi ya madereva wote wa kwetu, ya kunyoosha kidole kwenye kila taa na kuitaja kwa sauti ilivyo, ila yeye alivuka nayo hadi nyumbani, akawa hatoki mlangoni bila kulinyooshea kidole jiko la gesi na kulitangaza kuwa limezimwa, jambo ambalo wanawe walimwigiza kwa kumcheka, naye hakukasirika.

Tarehe 21 Oktoba 1976 alifunga ndoa na Bi Sakaki Fumiyo, aliyekuwa akiuza tambi za moto kwenye kibanda cha stesheni ya Hinokida, wakajaliwa watoto wawili, Chinatsu, aliyezaliwa tarehe 8 Julai 1978, na Naoya, aliyezaliwa tarehe 30 Agosti 1988.

Tarehe 1 Oktoba 1985 njia yetu ya reli ilikabidhiwa kwa Kampuni ya Reli ya Orikawa, iliyoundwa na mkoa pamoja na miji ya bonde hili, na marehemu alikuwa mmoja wa watumishi ishirini na watatu waliohamia huko, wakiendesha behewa moja moja, kila dereva peke yake, bila kondakta, akipokea nauli mwenyewe na kuwashika mkono wazee wanaposhuka. Wengi mliomo humu mlikwenda shule ndani ya behewa lile, mlikwenda hospitali, mlikwenda kuposa, na wengine mliletwa nalo kutoka kwa mkunga, na hili inabidi likumbukwe kwa ajili ya yanayofuata.

Mama Fumiyo, ambaye amekaa hapa mbele yenu, ameagiza sehemu hii isomwe yote.

Tarehe 2 Mei 1988, na tena tarehe 11 Mei, marehemu aliandika katika daftari la karakana kwamba taa ya kivuko cha Sawaguchi, ile ndogo ya juu ya nguzo inayomwonyesha dereva kuwa kengele ya barabarani inalia, inachelewa kuwaka, naye akaomba fundi atumwe, fundi hakutumwa. Asubuhi ya Jumanne, tarehe 17 Mei 1988, saa moja na dakika hamsini na mbili, akiwa na abiria thelathini na mmoja, wengi wao wanafunzi, alitokeza kwenye kona ya misunobari, akanyoosha kidole kama kawaida, na alichokitaja kwa sauti, wakakisikia wanafunzi waliosimama nyuma yake, ni kwamba haijawaka. Alivuta breki na kupiga honi, lakini gari dogo la Bwana Obara Kikuo, mkulima wa miaka arobaini na mitatu, lililokuwa limebeba miche ya mpunga, lilikuwa limeshapanda kwenye reli, na treni ililisukuma mita mia moja na arobaini kabla ya kusimama. Wanafunzi wawili waliumia, na marehemu alishuka akapiga magoti kwenye kokoto, akamshika Bwana Obara mkono hadi ulipopoa, mtu ambaye kwa miaka mingi walikuwa wakisalimiana kwa kofia kila treni ilipopita kando ya shamba lake.

Kesho yake mchana aliitwa ofisini na mkuu wa uendeshaji wa kampuni, Bwana Iwadate, ambaye naye ametangulia, akakuta karatasi ya maelezo yake imeshaandikwa tayari, ikisubiri saini, na kwenye daftari la karakana kurasa mbili hazipo.

"Nukazawa, taa uliiona imewaka," alisema Bwana Iwadate.

"Haikuwaka, mkuu. Niliandika mara mbili."

"Mwezi wa saba mkoa unakaa kuamua kama hii reli iendelee. Wakisikia kengele ilikuwa mbovu na sisi tunajua, hawakai hata nusu saa. Hao watoto watakwenda shule na nini? Kikuo hawezi kurudi, wewe unajua. Saini kwamba imewaka."

Marehemu aliomba muda, akaenda nyumbani kwa miguu, akamkuta mama Fumiyo akiwa na mimba ya miezi sita, akamweleza yote jikoni, na mama hapa anakiri mbele yenu maneno aliyomjibu.

"Baba Chinatsu, andika wanavyotaka, urudi nyumbani. Mimi sina nguvu ya jambo lingine."

Akarudi akasaini. Wanafunzi waliomsikia hawakuulizwa, polisi walipokea karatasi ile, na ikaandikwa kwamba kengele ililia na Bwana Obara akaipuuza, kisha watu wakaongeza ya kwao, wakasema jana yake alikuwa amekunywa kwenye sherehe ya kuanza kupanda mpunga, na aliyesema hivyo kwanza hakujulikana, ila baada ya mwezi kila mtu alikuwa akisema. Mwezi Julai mkoa uliamua reli iendelee, kengele ya Sawaguchi ikabadilishwa kimya kimya, na treni iliendelea kupita kwa miaka ishirini na mitatu mingine.

Miaka hiyo yote marehemu alikwenda kila tarehe 17 Mei nyumbani kwa mjane, Bi Obara Tamie, akawasha ubani mbele ya picha ya mumewe, akakaa dakika chache na kuondoka, na Bi Tamie, aliyekuwa akilea watoto wawili peke yake, alimshukuru kila mwaka, akisema wengine wameshasahau, akamfungia figili zilizokaushwa kwa moshi, alizotengeneza kwa mkono wake. Marehemu alizileta nyumbani, na yeye binafsi hakuonja hata kipande. Chinatsu alikuwa na miaka kumi na mitano alipomuuliza sababu, baba akasema meno, naye alikuwa na meno mazima. Mara tatu aliombwa awe mkufunzi wa madereva, mara tatu akakataa, na wenzake waliokuwa wakipanda naye walisema kuwa kwenye kivuko cha Sawaguchi alinyoosha kidole kama kawaida, lakini midomo haikufunguka.

Alistaafu tarehe 31 Machi 2009, na miaka mitatu kamili baadaye, tarehe 31 Machi 2012, reli ya Orikawa ilifungwa kwa kukosa abiria. Watu walijaa stesheni ya Hinokida na bendera na kamera, marehemu alialikwa kukaa na wageni wa heshima, hakwenda, na mama Fumiyo alimkuta huko Sawaguchi, amesimama kando ya kivuko kwenye theluji iliyobaki, na behewa la mwisho lilipopita likipiga honi, alisema neno moja tu, kwamba hata hiyo reli aliyoiokoa kwa saini yake haipo tena.

Tarehe 17 Mei 2012 alikwenda kwa Bi Tamie kama kila mwaka, safari hii mama Fumiyo akafuatana naye, wakawasha ubani, kisha marehemu akainama hadi paji la uso likagusa mkeka, akaeleza tangu taa hadi karatasi, na mama Fumiyo akaeleza ya jikoni. Bi Tamie hakupaza sauti. Aliigeukia picha ya mumewe, akasema hivi, nasi tumeyaandika kama tulivyoyapokea.

"Miaka ishirini na minne, kila asubuhi nikimwekea wali wake mbele ya picha, namgombeza. Namwambia, Kikuo, ulikuwa na masikio ya nini? Kesho nitamwambia nini?"



"Sikutaki tena kwenye ubani," akaendelea Bi Tamie. "Kwanza kaandike. Kila mtu aliyesema alikuwa mlevi, asome."

Akaandika. Tarehe 4 Juni 2012 alipeleka maelezo yake polisi na kwa gazeti la mkoa, polisi wakamjibu kwa heshima kwamba muda wa kesi ulikwisha zamani na kampuni yenyewe haipo, gazeti likayachapisha, na bonde hili likagawanyika. Chama cha wastaafu wa reli kiliondoa jina lake, kwa kuwa, walisema, amewachafua hata waliokufa, wengine wakamwambia usoni kwamba siri kama hiyo mtu huenda nayo kaburini, na wengine, ambao treni ile iliwasomesha, walivuka barabara wakimwona. Naoya, aliyekuwa ameanza kazi katika ofisi ya mji, alihamia mji wa Sendai mwaka ule ule, na hadi leo hasemi ni kwa sababu hiyo wala hasemi si kwa sababu hiyo. Bwana Obara Masato, mwana wa Bwana Kikuo, alikuja hadi mlangoni kwetu mwezi Agosti, hakuvua viatu.

"Mama atakusamehe au hatakusamehe, hilo lake," alisema. "Mimi nilipigana shuleni miaka sita kwa sababu ya baba mlevi. Sitakusamehe."

Marehemu alimwambia sawa, akainama mpaka alipoondoka, na hakumlalamikia kwa mtu yeyote. Bi Tamie alifariki tarehe 9 Desemba 2016, marehemu hakwenda mazishini kwa kuwa hakuitwa, siku ile alishinda nyumbani, ameketi ukumbini akiwa amevaa suti nyeusi.

Ugonjwa wake ulianza kwa kukosa hamu ya kula, na tarehe 15 Januari 2019 hospitali ya mkoa iligundua saratani ya tumbo iliyokwisha kusambaa kwenye ini. Kwa kuwa treni haikuwapo tena, alikwenda kwenye matibabu kwa mabasi mawili, mwendo wa saa mbili na robo kwenda na vivyo hivyo kurudi, akitapika kwenye mfuko wa karatasi na kumwomba radhi dereva, hadi Naoya alipoomba likizo akaja kumwendesha. Mwezi Septemba alimwita Chinatsu ampelekee rasimu ya historia hii, akaisoma kitandani na kalamu mkononi, akafika mahali ambapo binti yake alikuwa ameandika kwamba alilazimishwa kusaini, akakata neno la kulazimishwa. Chinatsu alimbishia, akamwambia kwamba alikuwa na mtoto na mke mjamzito, na kwamba waliomtaka asaini walikuwa wakubwa wake wa kazi.

"Kalamu ilikuwa mkononi mwangu," alisema. "Andika nilisaini. Basi."

Alifariki siku ya Ijumaa, tarehe 22 Novemba 2019, saa tatu na dakika kumi na nne asubuhi, katika hospitali ya mkoa, akiwa na umri wa miaka sabini, mbele ya mkewe na wanawe wawili, baada ya siku nne za maumivu ambayo dawa ziliyapunguza lakini hazikuyaondoa, na hatutasema alikufa kwa utulivu, kwa sababu haikuwa hivyo. Ameacha mjane, watoto wawili, na mjukuu mmoja.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya tano, hasa muuguzi aliyemwosha nywele siku yake ya mwisho bila kuombwa, inawashukuru dereva wa basi la Kamiori, majirani waliotufukulia theluji mlangoni wiki hii, mtawa wetu, na wafanyakazi wenzake wanne wa zamani mliokuja leo, mkijua wenzenu watasema nini. Jana jioni Bwana Obara Masato aliingia humu, akawasha ubani, hakuongea na mtu, akaukataa mkoba wa zawadi ya shukrani wanaopewa waombolezaji, akaondoka, nasi tunamshukuru, na hatumwombi zaidi ya hapo.

Baba, pumziko kama limewekwa kwa ajili yako, ulipate kwa amani, na Bwana Kikuo, aliyesikia vizuri siku zote, aendelee kupumzika kwa amani yake.