Kabla ya Kulainisha: Kumuaga Bi Nzilani Muinde

Mheshimiwa Mwenyekiti wa Bodi ya Kituo chetu cha Takwimu za Maji; nawe Mzee Festus Mwakio, mwenyekiti wa kamati ya maji ya Mghange, pamoja na ujumbe wako ulioteremka mlima tangu alfajiri, wageni waalikwa kutoka ranchi za Ndara na mitaa ya Kaloleni, wafanyakazi wenzangu, baba yangu Mzee Jaffar, uliyekubali kufunga duka siku ya soko, jambo ambalo hukulifanya hata siku ya mahafali yangu, na wewe, Bi Nzilani Muinde, uliyekalishwa kwenye kiti chenye maua ilhali moyo wako uko huko nyuma ukiangalia kama kila mtu amepata chai: asalaam aleikum, Bwana asifiwe, na hamjambo nyote.

Jana jioni baba aliniuliza nitazungumza nini hapa. Nikamwambia nitazungumza juu ya neno moja la hesabu. Akaweka kikombe chini. "Sumayya mwanangu," akasema, "watu waja kula biriani na kumuaga mama wa watu, wewe wataka kuwafungulia darasa?" Nami leo namjibu mbele yenu: ndiyo, baba, darasa dogo tu, na biriani haitapoa.

Neno lenyewe ni ulainishaji wa awali. Kila aliyewahi kuajiriwa katika kituo chetu amefundishwa neno hili na Bi Nzilani, na amefundishwa akiwa amesimama, maana mama huyu haamini kwamba mtu aliyeketi anaelewa. Maana yake si ngumu. Namba zinazotoka mashambani, mitoni na milimani huja zimekunjamana, kama kanzu iliyotolewa kwenye kamba. Kuna mikunjo isiyo na maana yoyote: kifaa kimetikiswa, betri imechoka, mdudu ameingia ndani ya bomba. Basi kabla hujaanza kuzisoma namba hizo, kabla hujazilinganisha na za mwaka mwingine, unazipiga pasi kwanza. Kila namba unaivuta kidogo kuelekea jirani zake, hadi umbo lililokuwa limejificha lionekane.

Watu wa mitihani wanalitumia neno hili wanapotaka kulinganisha karatasi ya mwaka huu na ya mwaka jana. Kwa bahati tu, pengine hakuna mtoto aliyepata alama fulani, na wengi wamepata ile inayofuata. Wao hulainisha kwanza mapengo hayo, ndipo walinganishe, ili mtoto asihukumiwe kwa bahati. Ndugu zetu wa Ndara wanaofuatilia ndovu wenye mikanda shingoni wanalitumia pia. Mkanda ukipoteza mawasiliano nyuma ya mlima, ramani humwonyesha ndovu ameruka kutoka upande huu hadi ule kwa dakika moja. Nawaona mnacheka, lakini mmoja wenu, sitamtaja, aliwahi kutuletea ramani ya aina hiyo na kutuomba tueleze.

Sasa, kuna kulainisha baada na kuna kulainisha kabla, na tofauti yake ndiyo iliyotuleta hapa. Ukilainisha baada, wenzako wote wamekwisha kuziona namba zilivyokuja, wanaweza kukubishia. Ukilainisha kabla, kila anayekuja nyuma yako anapokea kile ulichomwachia tu. Je, atajuaje kilichoondoka? Atakiulizaje kitu ambacho hajawahi kukiona?

Wageni wetu, wengi wenu mnaijua chemchemi ya Mghange, ile iliyo chini ya kile kisitu cha miti ya asili. Kituo chetu kiliweka pale kifaa cha kupima kina cha maji. Karibu kila asubuhi kifaa kile kilileta namba zenye kijino: maji yanapanda kidogo alfajiri, kisha yanashuka jua likishika. Siku baada ya siku kijino, kijino, kijino. Na kila mtu ofisini alijua sababu. Akina mama huteka maji alfajiri. Wanatumbukiza mitungi, wanagonga bomba, kifaa kinatikisika. Tulivipa vijino vile jina, tukaviita kelele za akina mama. Na pasi ya kompyuta ikapangwa iviondoe kabla namba hazijafika kwenye meza ya mtu yeyote. Aliyeipanga, na yeye mwenyewe ameniruhusu niseme hivi, ni Bi Nzilani.

Kwa namba zile zilizonyooshwa, aliandika ripoti nzuri sana. Ilionyesha chemchemi inapanda na mvua za masika, inashuka mvua zikikatika, basi. Kuhusu miti ilisema kwamba haionekani kuongeza wala kupunguza maji. Kamati ya Mghange ikaisoma ripoti hiyo kwa haki kabisa. Walikuwa na dispensari iliyofika kwenye lenta, juu ya madirisha, ikakwama, akina mama wanajifungulia njiani, na mikaratusi inauzwa vizuri kama nguzo. Wakaamua: miti ile ya zamani ikatwe, mikaratusi ipandwe, paa la dispensari lipatikane. Nani hapa angewalaumu? Hata wenye misumeno ya mota walikuwa wamekwisha kuitwa.

Ndipo mamake Bi Wakesho akafariki, Mungu amrehemu. Bi Wakesho ndiye yule aliyesimama pale mlangoni, ambaye kwa miaka mingi ametusafishia kifaa chetu bila kusukumwa na mtu. Bi Nzilani alipanda Mghange kuzika, akalala hukohuko. Na pale kwao wana desturi yao: siku ya mazishi hakuna anayegusa chemchemi mpaka marehemu alale kaburini. Maji ya msiba huchotwa jana yake. Asubuhi ile haukutumbukizwa mtungi hata mmoja. Bi Nzilani alikaa na wafiwa, akazika, akala, akarudi hapa Voi.

Mimi nilikuwa ofisini alipoingia, bado na leso ya msiba kiunoni. Hakunisalimia. Alikwenda kwenye kompyuta akafungua namba ghafi, zile ambazo hakuna aliyekuwa akizifungua, akatafuta asubuhi ya mazishi. Kisha akaniita kwa ile sauti yake ya chini.

"Sumayya, hebu kuja uone hii."

Nikaja. Kijino kilikuwepo. Kilikuwepo tena kizuri kuliko vyote, kimepanda taratibu, kimeshuka taratibu, hakina mtikisiko wowote.

"Nani ameteka?" akaniuliza.

Nikasema, "Labda mtoto."

"Nilikuwa huko. Hakuna mtoto, hakuna mtu. Na mvua haikunyesha, ulikuwa ukungu tu." Akavuta kiti akaketi, na mnajua mama huyu haketi. "Haya maji yametoka wapi?"

Nakiri kwamba nywele zilinisimama. Ni kitu cha ajabu kuona namba ikikujibu jambo ambalo hukuwahi kuiuliza. Tulirudi nyuma mwezi baada ya mwezi, tukilinganisha na kumbukumbu za hali ya hewa, na kila mahali palipokuwa na asubuhi ya ukungu, kijino kilikuwepo. Palipokuwa na asubuhi ya anga tupu, hakikuwepo, ingawa akina mama walikuwa wameteka vilevile.

Mheshimiwa Mwenyekiti, mtaalamu mwenye jina lake, ambaye ripoti yake imekwisha kupigiwa makofi, angeweza kunyamaza. Misumeno ingeingia, chemchemi ingepungua pole pole, na sisi tungeandika ripoti nyingine kusema ni ukame. Nani angejua? Bi Nzilani alipanda Mghange siku ya pili, akasimama mbele ya kamati, akasema ripoti yake imekosea. Ile kazi ya mkoa mzima, ambayo wengi wetu tulijua alikuwa ameahidiwa, haikuja tena kwake baada ya hapo. Hajawahi kulitaja jambo hilo. Nalitaja mimi, anikasirikie akipenda.

Mzee Festus, nitarudia maneno yako, unisahihishe nikikosea. Uliinuka ukasema: "Mama, karatasi yako ya kwanza ilisema hii miti hailetei chemchemi maji. Leo unasema inaleta. Na hao akina mama wanajifungua njiani wanasubiri paa. Sasa tuamini Nzilani gani?"

Akakujibu: "Amini huyu wa leo, lakini usiamini mdomo wake. Kesho alfajiri lete sufuria mbili."

Tulikwenda. Ilikuwa ile miezi ya baridi, mvua imekatika, njia ya kupanda ilikuwa na vumbi. Sufuria moja iliwekwa chini ya miti, nyingine ikawekwa nje uwandani, hatua chache tu kutoka pale. Ukungu ukaja kutoka upande wa tambarare, ukaingia kisituni kama mtu anayeingia nyumbani kwake. Nje, kimya. Ndani ya miti, nilisikia mvua. Nilinyoosha mkono nikalowa hadi kiwikoni. Nilitoka nje, nikasimama chini ya anga lilelile, mkono ukabaki mkavu. Nikarudi ndani, mvua. Nilifanya hivyo kama mtoto, sijui mara ngapi, na sikuona haya, kwa sababu niliwaona wazee wa kamati nao wanafanya hivyohivyo. Miti ile ilikuwa inayakamua mawingu. Majani yake yenye kuvu na ndevu za kijani yalikuwa yanauchota ukungu tone baada ya tone na kuushusha kwenye udongo, na udongo unaupeleka chemchemini. Ilikuwa ikifanya kazi hiyo kabla ya kituo chetu, kabla ya Voi kuwa mji, na sisi tulikuwa tumeiita kelele.

Jua lilipotoka, sufuria ya nje ilikuwa na umande tu. Ya ndani ilikuwa na maji ya kunywa. Bi Wakesho ndiye aliyeinama kwanza akaionja. Akasema, "Mama yangu alikuwa anatuambia msitu unanyesha. Tulidhani ni mambo ya uzee." Mzee Festus akainua sufuria kwa mikono miwili, akanywa, akampa jirani yake, kisha akawapigia wenye misumeno akawaambia wasije. Dispensari, namshukuru Mungu, ilipata paa baadaye kwa michango na kwa harambee mliyoifanya hapa Voi, na baba yangu anajua ni nani aliyetoa misumari.

Ndugu zangu vijana wa kituo, najua baadhi yenu mlitoka kwenye kisa hiki mkisema tuache kulainisha. Bi Nzilani alikasirika alipowasikia, na alikuwa na haki. Ni kulainisha kulekule, kulikofanywa vizuri mara ya pili, kulikotuonyesha umbo la mwaka mzima: kwamba ukungu wa miezi ya baridi ndio unaoibeba chemchemi hadi vuli, wakati mito mingine imekwisha kukauka. Umbo lile hungeliona kwa kutazama vijino kimoja kimoja. Neno hili ni zuri, wala sitaki liondoke ofisini pamoja na mwenyewe. Alichobadilisha yeye ni utaratibu mmoja mdogo, ambao sasa watu wa Ndara wameuiga: hakuna namba inayopigwa pasi kabla mtu hajaitazama ilivyokuja, na hajauliza kila mkunjo umetoka wapi, na hajafika mahali penyewe ikiwa hajui. Kisha namba ghafi inahifadhiwa, ili anayekuja aweze kutubishia.

Bi Nzilani, nilipokuja kwako nilikuwa binti wa dukani mwenye cheti kipya na kiburi cha kujaza kabati. Ulinifundisha kustaajabu. Sikujua kwamba ni kitu kinachofundishwa. Nakupenda, mama, na nitakukumbuka kila asubuhi nitakapofungua kompyuta.

Hata leo nimeifungua. Kabla sijavaa nguo hizi nilipita ofisini, nikatazama namba za Mghange kabla mashine haijazigusa. Kijino cha leo kipo.

Wenzetu walipendekeza tukupe mchoro wa chemchemi ndani ya fremu, mstari mmoja mzuri ulionyooka. Watu wa Mghange wakakataa, wakasema watakuja na zawadi yao. Bi Wakesho, tafadhali sogea mbele, wageni mpisheni njia, asimwage. Mama, pokea kwa mikono miwili. Ni ile sufuria ya ndani. Ililala chini ya miti usiku wa kuamkia leo, na hakuna aliyeyagusa maji yake.

Kunywa kwanza wewe. Nasi nyote tunakushukuru, na ninyi mlioketi nawashukuru kwa kunitegea sikio hadi hapa. Asanteni sana.