Sanda za Anyesi wa Kikwe

Mchungaji, wazee wa usharika, ndugu zetu mlioshuka kutoka Akheri, na majirani wote wa hapa Kikwe, poleni kwa msiba. Mimi ni Bariki, mdogo wake marehemu, na familia imenituma niwasomee maisha ya dada yetu kama yalivyokuwa, pamoja na yale ambayo mmekuwa mkiyanong'ona tangu jana, maana hatupendi azikwe nusu.

Marehemu Anyesi alizaliwa Akheri tarehe 11 Machi 1904, akiwa mtoto wa kwanza wa wazazi wetu, akabatizwa mwaka 1912, akasoma shule ya misheni mpaka akajua kusoma Biblia, kuandika na kushona. Tarehe 6 Januari 1923 alifunga ndoa na Elieza, wakajaliwa watoto wawili, Gidion aliyezaliwa mwaka 1924, na Elizabeth aliyezaliwa mwaka 1929, ambaye ameolewa Sekei na yupo nasi hapa.

Mwaka 1926 walihamia Kikwe, kwa kuwa kihamba, yaani shamba la ukoo la migomba, kule Akheri kilikuwa kidogo, na serikali ilikuwa ikiwahimiza watu walime pamba huku tambarare. Walilima kwa bidii, lakini bei haikupangwa huku, ilipangwa kwenye soko la pamba ng'ambo, na ilipoanguka mwaka 1931 shemeji yetu alimwuliza mnunuzi sababu, akajibiwa, "Liverpool imeshuka," na mwaka uliofuata akajibiwa, "Liverpool bado haijaamka," hata mama mkwe wa marehemu akaamini kwamba Liverpool ni mzee mgonjwa anayekaa ng'ambo, akawa anamwombea apate nafuu.

Vita vilipokuja, pamba ilitakiwa zaidi, lakini nguo hazikurudi, kitambaa cha marekani kikauzwa kwa kibali, na vibali havikufika Kikwe. Elieza alifariki kwa homa tarehe 19 Aprili 1943, dada akazunguka maduka yote ya Arusha asipate hata kipande cha sanda, na wengi wenu mnakumbuka kwamba tulimzika ndani ya gunia la pamba lenye alama ya jineri, kile kiwanda cha kuchambulia pamba. Dada hakulia, alisema tu, "Wamemfunga kama mzigo wa kusafirishwa."

Mwezi ule ule, akiwa mjini, alimkuta Mama Nirmala, ambaye leo amekaa pale na akina mama, akisokota nyuzi barazani kwa gurudumu, naye mama huyo akamweleza kwamba kwao India watu wanasokota wenyewe ili wasivae tena nguo za Mwingereza. Mama Nirmala alimfundisha, akampa gurudumu, fundi wa Akheri akamchongea kitanda cha mfumi cha kufumia nguo, na tangu hapo dada akawa anabakiza sehemu ya pamba yake kila msimu, akafuma sanda, akawapa wafiwa bila kuwadai kitu.

Sasa nisome lile ambalo wengi mnalingoja. Watu waligundua kwamba sanda ilikuwa ikitangulia msiba. Februari 1944 alifuma kitambaa kifupi, majirani wakamsihi akiongeze, akajibu kwamba kimekwisha, na Jumapili iliyofuata jirani yetu Lemburis akampoteza mwanawe mdogo, ambaye jana yake alikuwa akichunga ndama akiwa mzima kabisa, na kitambaa kikamtosha pasipo kukatwa. Baada ya hapo watu walianza kuikwepa njia ya nyumba yake, na kina mama waliposikia gurudumu waliwaita watoto ndani. Mimi nilimwuliza, "Dada, huwa unajuaje?" akanijibu, "Sijui, Bariki, mkono unasimama wenyewe, nikitazama kimeisha."

Mwaka 1945 Bwana Noordin, mwenye jineri, alipeleka habari bomani kwamba shamba la Anyesi linaleta pamba pungufu, na kwa kuwa sheria ilitaka pamba yote iuzwe kwa mwenye leseni, dada akashtakiwa. Hakimu alimwuliza ameificha wapi, naye akajibu, "Sikuificha, Bwana, imevaliwa, na walioivaa mnaweza kuwafukua." Alifungwa kuanzia Machi hadi mwisho wa Mei, na mlango wa nyumba yake niliupigilia misumari mimi mwenyewe.

Katika mwezi wa Aprili, jirani yake Naeku alikuja kwangu mchana kweupe, akaniambia, "Shemeji, gurudumu linazunguka," tukaenda pamoja, tukasimama nje ya mlango uliopigiliwa, tukalisikia wote wawili, wala hatukufungua. Dada alipotoka kifungoni tuliing'oa misumari, tukakuta buibui ametanda juu ya gurudumu na utando haujakatika, lakini kwenye kitanda cha mfumi palikuwa na kitambaa kilichokamilika, kirefu kuliko mwanamume yeyote wa hapa, isipokuwa Gidion, aliyekuwa jeshini Burma. Dada alikaa chini. Agosti mwenzake Gidion alirudi, akatuambia kwamba kijana wetu aliuawa mwezi wa Aprili, akazikwa kule kule kwenye matope, ndipo dada akakipandisha kitambaa Akheri, tukachimba kaburi, tukakizika peke yake, na mchungaji akaomba.

Hakufuma tena. Mwaka 1951, kwa ajili ya vita vya Korea, pamba ilipanda bei duniani kote, madukani nguo zikajaa, lakini sehemu ya bei ilizuiliwa na serikali, tukaambiwa ni akiba yetu ingawa hatukuulizwa, na dada akasema pale kituo cha kununulia pamba, "Mzee Liverpool amepona, lakini bado anakula kwetu." Watu walicheka, wakasogea karibu naye, jambo ambalo hatukuwa tumeliona kwa muda mrefu.

Mwanzoni mwa mwaka huu alianza kuumwa kifua, akatibiwa hospitali mjini Arusha, akarudishwa nyumbani Julai, na Alhamisi tarehe 5 Agosti 1954, saa kumi jioni, akafariki mikononi mwa Elizabeth. Aliagiza azikwe na shuka la dukani, akisema, "Sitaki mtu ajiulize nililianza lini."

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, usharika, Mama Nirmala, Naeku aliyemwosha, na Lemburis aliyetoa ng'ombe. Tunamshukuru pia Bwana Noordin, aliyesimama pale nyuma, ambaye, ingawa msimu umepamba moto na malori yamepanga foleni hadi barabarani, amezima mtambo wa jineri leo saa nane kwa heshima ya marehemu. Ametuhakikishia kwamba hadi saa hiyo mtambo ulikuwa ukifanya kazi kama kawaida, nasi tunamwamini, ingawa sisi tunaoishi hapa kando ya ukuta wa jineri yake hatujausikia tangu Alhamisi saa kumi.

Dada yetu Anyesi, pumzika sasa, na amani ya Bwana iwe nawe.